Nyuzi Nne za Friji ya Ozi

Siku mliyoniaga pale depo ya Garsen, kijana mmoja wa mauzo aliniuliza mbele ya watu wote, "Mzee Buya, katika miaka yote hii ya kuuza soda, ni nini kilichokufundisha zaidi?" Nilikuwa na kipande cha keki mdomoni. Nikajibu, "Uvumilivu." Mkapiga makofi. Nimelijutia jibu hilo tangu nilipofika nyumbani Idsowe na kuitundika ile saa ya ukutani mliyonipa. Ukweli ni kwamba aliyenifundisha zaidi ni kuku, na kabla ya kuku, dereva mmoja ambaye nilimfanya atie sahihi uongo asioujua. Dereva huyo yu hai. Ninaandika haya ili mkikutana na jina lake kwenye faili za zamani, mjue la kusoma na la kupuuza.

Niliajiriwa nikiwa na cheti cha kidato cha nne na shati moja jeupe. Asubuhi ya kwanza nililivaa shati hilo, nikaja Garsen, nikajitambulisha kama karani mpya wa kampuni ya soda. Mlinzi alinielekeza kwa dereva wa lori, Mzee Godana, Mworma wa jamii ya wafugaji, mrefu, mwembamba, ambaye wakati ule hata mvi hakuwa nazo. Watu walimwita mzee kwa sababu hakuwa akicheka ovyo.

"Wewe nani?" akaniuliza.

"Buya. Nimekuja kazi ya ukarani."

"Karani yuko. Nyuma ya lori ndiko hakuna mtu."

Nikapanda nyuma ya lori. Kufika adhuhuri shati langu lilikuwa na rangi tatu, zote za soda. Hivyo ndivyo nilivyoanza kazi ya tanboi, mpakiaji na msaidizi wa dereva, na mlipokuwa mkiniona nikishika kiuno kila nilipoinuka kitini, msidhani ulikuwa uzee. Zilikuwa kreti.

Siku hiyohiyo ya kwanza tulikuwa njiani kuelekea Witu, barabara ikiwa mashimo matupu, Godana akiendesha huku amekiinamisha kichwa kidogo upande mmoja. Mara akasimamisha lori, akaniita.

"Kreti ya tatu, safu ya chini, upande wa mto. Chupa imepasuka."

Nikapekua. Kreti ya tatu, safu ya chini, upande wa mto, chupa ilikuwa imepasuka. Nikamwuliza amejuaje.

"Ng'ombe mia wakipita na mmoja anachechemea, wewe husikii?"

"Sisi ni wakulima, Mzee. Sisikii."

"Ndiyo maana mnalima," akasema, akawasha lori.

Kwa mtindo huo alinifundisha kazi. Hakuwahi kunywa soda hata siku moja. Aliiita maji yaliyokasirika, na akisikia kizibo kikitoka alisogea kando kama mtu aliyeona nyoka mdogo. Lakini hakuna aliyejua kuuza kama yeye. "Usiuze soda," aliniambia. "Uza baridi. Soda, mtu anaweza kuishi bila. Baridi, hapa Garsen, hawezi." Mkisahau yote niliyowahi kuwaambia katika mikutano ya Jumatatu, na najua mmeyasahau kwa sababu wengine mlikuwa mkisinzia, kumbukeni hilo.

Zana za kazi zilikuwa tatu. Opena ya kufungulia vizibo, iliyofungwa kwa kamba kiunoni, maana muuza soda asiye na opena ni bwana harusi aliyesahau suruali. Penseli, si kalamu, kwa sababu jasho la Garsen hufuta wino kabla hujageuza ukurasa. Na themomita ndogo ya kuweka ndani ya friji za wateja. Godana aliheshimu opena na themomita. Penseli aliniachia mimi. Hakujua kusoma wala kuandika zaidi ya sahihi yake, ambayo ilikuwa herufi G kubwa yenye mkia mrefu, mkia wa ng'ombe kabisa, hata ncha yake ilikuwa na manyoya. Barua zake zote nilimsomea mimi. Nilisoma, naye akaamini, na kwa miaka mingi nilisoma kilichoandikwa.

Mojawapo ya barua hizo ilihusu kiboko. Tulikuwa tukivusha mzigo kwa mtumbwi kutoka Kipini kwenda Ozi, kiboko akainuka chini yetu kama mtu anayeamka usingizini, tukapinduka. Sisi tuliogelea. Kreti zilibaki na kiboko. Makao makuu walitaka fomu ya hasara, na kwenye sehemu iliyoandikwa "Jina la mhusika" nikajaza "Kiboko." Baada ya wiki kadhaa barua ikaja: tafadhali tuletee nambari ya kitambulisho cha Bwana Kiboko. Nilimsomea Godana neno kwa neno.

"Waambie ameomba," akasema. "Anangoja, kama sisi wote wa huku."

Kesi nyingine ngumu ilikuwa ya wazee wa boma moja upande wa Hola waliokataa soda baridi kwa sababu iliwauma meno. Mmoja wao aliimimina kwenye sufuria, akaichemsha pamoja na majani ya chai, akanionjesha. Mpaka leo sijaamua kama ilikuwa mbaya.

Vyeo nilivyopata baadaye sitavieleza. Ofisi ilikuwa ileile, mlango uleule. Tofauti ni kwamba kiti changu kilipata magurudumu, nami nikaanza kuzunguka. Godana alibaki kwenye lori. Aliendelea kuniita Buya, hata wengine walipoanza kuniita Meneja, na mimi, najuta kusema, nilianza kuona kama ananikosea adabu.

Sasa nifike kwenye friji.

Stima ilipoimarika Garsen na Minjila, makao makuu walituletea friji zile ndefu zenye mlango wa kioo, na amri kwamba depo isibaki na hata moja mwisho wa mwezi. Nilizigawa. Ikabaki moja. Kila mwenye duka mjini alikuwa nayo, na mwezi ulikuwa umebakisha siku mbili. Ndipo nilipokutana na Mama Mwanaesha pale Kipini, lori lilipokuwa likishusha mzigo. Ndiye mwenye duka la Ozi, mzaliwa wa huko mdomoni mwa mto, mama mnene mpole ambaye hajawahi kuvunja chupa wala kurudisha pungufu. Alikuja na ombi moja.

"Mwanangu, nipe mwavuli. Mwavuli tu, ule mkubwa wenye jina la soda, watu wakae kivulini."

"Nitakupa kitu bora kuliko mwavuli, Mama. Nitakupa friji."

"Nitaitia stima ya nani?"

"Stima inakuja."

"Inakuya kwa miguu au kwa mashua?"

Watu wa Kipini walicheka. Godana, aliyekuwa ameegemea lori, hakucheka. Aliniuliza, "Nguzo za stima zimefika wapi?"

"Minjila."

"Na Ozi iko wapi?"

"Iko mbele."

"Mbele sana," akasema Godana.

Lakini meneja nilikuwa mimi. Friji ikapakiwa kwenye boti, ikapanda mto ikiwa imelala chali kama mgonjwa mashuhuri, Godana akienda nayo. Aliporudi nilikuwa na fomu tayari. Chini ya fomu hiyo, kwa Kiingereza, palikuwa na sentensi iliyosema: mimi niliyetia sahihi hapa nimeiona friji hii ikiwaka na kupoesha. Ilitaka sahihi ya aliyeifikisha.

"Karatasi hii inasema nini?" Godana akaniuliza.

"Inasema umefikisha friji."

"Hiyo peke yake?"

"Hiyo peke yake."

Akachora G yake, akaipa mkia. Nilimwambia uongo huo nikiwa nimekaa kwenye kiti cha magurudumu, bila kupepesa jicho, kwa sababu nilitaka kwenda kula. Nimetafuta sababu kubwa zaidi ya hiyo kwa miaka mingi. Hakuna. Palikuwa na wali wa samaki.

Kila friji ilikuwa na fomu ya kila wiki ya kuandika joto la ndani. Za Garsen zilipanda na kushuka kama homa, maana stima ilikuwa ikikatika. Za Minjila vilevile. Ya Ozi niliijaza mimi mwenyewe mezani. Nyuzi nne. Wiki iliyofuata, nyuzi nne. Nilijua kwamba friji nzuri hukaa nyuzi nne, basi nikaiweka hapo na kuiacha. Hata wiki ambayo mto ulifurika na maji kuingia madukani, friji ya Ozi, kwenye karatasi zangu, ilisimama katikati ya mafuriko ikiwa na nyuzi nne. Kosa langu halikuwa uongo peke yake. Lilikuwa uvivu ndani ya uongo. Mwongo mwenye bidii angeandika tano mara mojamoja.

Kwa hiyo haikupaswa kunishangaza barua ilipokuja kutoka makao makuu. Walikuwa wamepitia fomu za friji zote za kanda, na friji moja tu ndiyo ambayo haikuwahi kukatikiwa na stima hata siku moja. Friji Bora ya Kanda ilikuwa ya Ozi. Mkurugenzi wa mauzo angekuja mwenyewe na mpiga picha, siku kumi kutoka siku hiyo, kuikabidhi tuzo.

Nilimweleza Godana tukiwa kwenye lori.

"Friji ipi?" akauliza.

"Ya Ozi."

"Ile haina stima."

"Ndiyo."

"Imeshinda nini?"

"Ubaridi."

Godana alisimamisha lori kando ya barabara, akashuka, akaenda nyuma. Nilidhani anakagua kreti. Kisha nikasikia sauti kama ya ngamia mwenye kwikwi. Mtu ambaye hakuwa akicheka ovyo alikuwa ameshika mlango wa lori kwa mikono miwili, machozi yanamtoka. Aliporudi usukani akaanza tena, tukafika Garsen tukiendeshwa na mtu anayejifuta macho. Nilicheka naye kidogo. Yeye alicheka kwa sababu hakujua sahihi ya nani iko kwenye faili hiyo. Mimi nilijua.

Siku ya nne nikaenda Ozi kuiona friji yangu. Nilikuta Mama Mwanaesha ameifunga kwa mnyororo mlegevu na kufuli, ufunguo uko kiunoni mwake. Ndani, rafu ya juu, palikuwa na vyeti vya kuzaliwa vya kijiji kizima, kadi za kliniki, vyeti vya shule, vyote vimefungwa kwenye karatasi za nailoni.

"Mto ukiya juu, mpira wa mlango huu hauingizi hata tone," akanieleza. "Mui mzima, nyumba zote, umeniwekesha hati. Mafuriko yale, hakuna aliyepotewa na cheti."

Rafu ya pili ilikuwa na sukari na unga, mbali na panya. Ya tatu, kanzu ya mumewe ya Idi, imepigwa pasi. Chini kabisa, kwenye majani makavu, alikaa kuku mwekundu ambaye alinitazama kama mtu anayeuliza nina miadi na nani. Mlango ulikuwa umeachwa wazi kidogo kwa kijiti, ili apate hewa, na kioo kilielekea jua.

"Mama, huyu kuku lazima atoke. Mkubwa anakuja."

"Kuku hatoki. Ana siku kumi na tano juu ya mayai. Bado sita."

Nikahesabu kwa vidole. "Atatotoa siku ileile ya mgeni."

"Basi mgeni wako ana baraka," akasema Mama Mwanaesha, akafunga kufuli.

Nilimbembeleza. Nilimwambia habari ya tuzo. Nilimwahidi mwavuli. Alikubali kuhamisha hati, unga na kanzu kwa siku moja, lakini kuku hakuwa wa kujadiliwa. Basi nikapanga mpango ambao hata leo nikiukumbuka huona aibu na fahari kidogo. Nilikodi jenereta Kipini pamoja na fundi. Fundi akakata waya wa mtambo wa baridi, ili kuku asigande, akaacha wa taa tu. Rafu tatu za juu zikajazwa soda. Rafu ya chini nikaiziba kwa kadibodi yenye nembo ya kampuni, kuku akabaki nyuma ya nembo. Kilichokosekana ni baridi yenyewe.

Hapo Mama Mwanaesha aliniangalia kwa huruma. Akanipeleka uani, chini ya kibanda cha makuti, penye mtungi mkubwa wa maji uliokuwa ukivuja polepole juu ya mchanga. Akafukua. Chini ya mchanga ule mbichi, na chini ya gunia lililoloweshwa, palikuwa na soda. Nilishika chupa moja nikaiweka shavuni. Haikuwa nyuzi nne, lakini shavu halina themomita.

"Sasa wadhani miaka yote nauza soda moto?" akaniuliza.

Mimi, meneja wa depo, nilikuwa nimempelekea mwanamke huyo friji bila kuuliza hata siku moja alikuwa akiuzaje.

Mkurugenzi alifika siku ya siku, mama mmoja wa Nairobi mwenye miwani mikubwa na viatu ambavyo havikuwahi kusikia habari za tope. Mpiga picha alimfuata amekumbatia tuzo, chupa ya shaba ya ukubwa wa mtoto mchanga. Godana ndiye aliyewaleta kutoka Garsen, akabaki ufukweni akishikilia kamba ya boti. Ozi nzima ilikuwa imevaa nguo za sikukuu. Mama Mwanaesha alimkaribisha mgeni, akamkalisha, akampa soda kutoka chini ya mtungi.

Mkurugenzi akanywa, akafumba macho. "Hii ni baridi," akasema. "Hii ni baridi kweli."

Nilitaka dunia iishie hapo. Haikuishia. Mkurugenzi aliinuka, akaweka chupa chini, akasema anataka picha akiifungua friji kwa mkono wake.

"Madam, mlango wake ni mzito," nikasema.

"Nina mikono," akajibu, akaufungua.

Alikuwa ameinama mbele akisubiri ule upepo wa baridi usoni. Miwani yake ikaingia ukungu. Alisimama hivyo kidogo, haoni, jasho likimtiririka, na hapohapo nembo ya kampuni ikaanza kutikisika. Kwanza kikatokea kidomo. Kisha kifaranga, bado amelowa, akapita katikati ya kadibodi, akafuatwa na mwingine, na mwingine, na nyuma yao mama yao amevimba kama gavana. Mpiga picha hakuacha kupiga picha. Nadhani hakuweza.

Mkurugenzi alifuta miwani. Akachukua themomita, akaisoma: thelathini na saba. Akafungua faili aliyokuja nayo, akaangalia nyuzi nne zangu, ukurasa baada ya ukurasa. Kisha akasema polepole, "Nimeona friji zinazogandisha, na nimeona zisizogandisha. Sijawahi kuona friji inayoangua."

"Wote wametoka, mama," Mama Mwanaesha akamwambia kwa furaha. "Hata yai moja halikuviza."

Watu walikuwa wakicheka, na bado ningeweza kujiokoa kwa njia ya heshima. Mkurugenzi aligeuza ukurasa wa mwisho. "Nani aliyethibitisha kwamba friji hii iliwaka? Hapa kuna sahihi. G, yenye mkia."

Nilipaswa kusema: ni mimi niliyemdanganya. Ni maneno matatu tu. Badala yake nikasema, "Ni ya dereva."

Kila neno la jibu hilo lilikuwa la kweli, na sijawahi kusema uongo mkubwa zaidi.

Godana akaitwa. Alikuja na kamba ya boti bado mkononi.

"Wewe ulitia sahihi kwamba uliiona friji hii ikiwaka?"

"Karatasi ilisema nimefikisha friji."

"Karatasi inasema uliiona ikiwaka na kupoesha."

Godana alinitazama. Alinitazama jinsi alivyokuwa akisikiliza kreti, kichwa kimeinama upande, na nilijua amesikia ni ipi iliyopasuka. Angeweza kusema nani alimsomea. Watu wote wa depo walijua nani humsomea.

"Basi sahihi ni yangu," akasema. "Mkia ni wangu."

Walimwondoa kwenye lori. Wakamweka getini, alinde, kwa miezi michache iliyobaki kabla ya kustaafu kwake. Mimi nilipewa barua ya onyo iliyoniagiza niwe mwangalifu zaidi katika kuchagua madereva. Niliisoma mara moja, nikaitia kwenye droo.

Kila asubuhi nilipofika kazini, Godana aliinua kizuizi cha geti, akasimama wima, akaniambia, "Nyuzi nne, Meneja." Jioni nikitoka, "Nyuzi nne, Meneja." Hakutukana, hakukunja uso. Alikuwa ameacha kuniita Buya. Nilijaribu kufika mapema kuliko yeye, nikamkuta. Nilijaribu kupitia nyuma, nikapasua suruali kwenye seng'enge, na kutoka upande wa pili nikasikia sauti tulivu, "Nyuzi nne."

Nilivumilia wiki saba. Hapo ndipo labda uvumilivu ulipoingia. Wiki ya nane nikaandika barua kwa makao makuu, kwa mkono wangu, nikieleza yote: fomu, Kiingereza, wali wa samaki. Ikarudishwa. Waliniambia kwamba jambo lolote la friji huripotiwa kwenye fomu ya hitilafu za friji. Nikaijaza. Kwenye "Mahali" nikaandika Garsen. Kwenye "Aina ya hitilafu" nikaandika: meneja. Baada ya siku chache fundi akashuka kutoka Malindi na sanduku la vyuma, akaniuliza hitilafu iko wapi. Nikamwambia anayoitafuta ndiyo anayozungumza nayo. Alifungua sanduku, akatazama ndani, akalifunga. "Sina spea," akasema.

Lakini yule fundi alipofika kwao alisimulia, na hadithi ikapanda mpaka kwa Mkurugenzi, ambaye hakuwa amesahau miwani yake. Nilikatwa mshahara nilivyostahili kukatwa, na Godana akarudishwa kwenye lori kwa majuma matatu ya mwisho. Barua ya kumsafisha iliandikwa. Haikuwahi kutiwa kwenye faili yake. Nimeitafuta hata mwaka huu. Ile fomu yenye G bado ipo, na mkia wake.

Friji ya Ozi ilifutwa kwenye vitabu vya kampuni. Kwa hiyo haipo, na hadi leo inatunza hati za mji. Mwavuli pia ulifika, ukiwa umechelewa kuliko stima.

Siku ya kumuaga Godana, makao makuu walimpa zawadi. Walimpa friji. Boma lake liko mbali na nguzo yoyote, lakini fomu ya zawadi ilikuwa na friji tu. Niliifikisha mimi mwenyewe, kisha nikakaa mbele yake na kumwomba msamaha, nikisema kila kitu kwa mpangilio, bila kuweka neno "lakini" popote. Alinipa maziwa. Hakusema amenisamehe. Aliinuka, akafungua friji, ambayo tayari alikuwa amepanga ndani yake vibuyu vya maziwa mbali na nzi.

"Soma themomita," akaniambia.

"Thelathini na sita."

"Andika."

Alinipa daftari na penseli. Nikaandika: thelathini na sita. Akalichukua daftari, akaliweka juu ya goti, akapitisha kidole chini ya maneno, midomo ikitembea. Mlinzi wa geti hutakiwa kuandika nambari za magari yote, na hakuna aliyekuwa amemuuliza mtu huyu angeziandikaje. Alijifunza. Alianza na nambari ya gari langu. Alipomaliza kusoma, akaenda kwenye friji, akaiangalia themomita kwa macho yake, akarudi, ndipo akatia sahihi.

Tangu siku hiyo, kila nikimtembelea tunafanya hivyo. Nasoma, naandika, anasoma, anakagua, anatia sahihi. Daftari la tatu linakaribia kujaa. Hajawahi kupata nyuzi nne, na ananiita Buya.

Wiki iliyopita nilimpelekea kurasa hizi. Nilijitolea kumsomea. Akanikatalia. Alikaa nazo siku nne, mimi nikilala bomani kwake na kunywa maziwa kama ndama, na alipomaliza alikuwa na sahihisho moja tu: ile chupa iliyopasuka siku yangu ya kwanza haikuwa kwenye kreti ya tatu. Ilikuwa kwenye ya nne. Nilimwambia nitarekebisha. Akasema niache kama ilivyo, na niandike hapa chini kwamba nilikosea, watu wazoee kuona. Nami nimeandika. Kisha akaomba penseli.

Nimesoma yote. Ni kreti ya nne.
Godana